Mkate wa Nyuma ya Ukuta

Aunti Ndunge hakunisalimu nilipoingia, wala mimi sikumwambia pole. Aliinua kichwa kwenye mto, akaniuliza kama nimekuja na unga. Nikamwambia nimekuja nao, wa atta, ule wa ngano isiyochujwa, nimeubeba kutoka kwangu Kwa Vonza. "Basi nenda jikoni," akasema. "Hawa watu wananilisha huu mkate mweupe tangu Mutinda afe, na haushuki." Wanawake wa kanisa waliokuwa wameketi kando ya kitanda walinitazama juu hadi chini. Mmoja alinifuata hadi mlangoni akaninong'oneza kwamba mama hajala kitu cha maana tangu msiba uingie, ni chai tu, na hata hiyo anaiacha ipoe. Aunti alikuwa amehamia chumba kidogo cha nyuma, kile kinachopakana na jiko, kwa sababu kitanda chake na mumewe cha chumba cha mbele hakuweza hata kukitazama. Nilivua viatu vya safari, nikajifunga leso yake juu ya gauni langu jeusi, nikatoka kwa mlango wa nyuma.

Jiko la Anko Mutinda bado lilikuwa kama alivyoliacha. Rimu ya lori iliyogeuzwa kuwa jiko la makaa, sufuria kubwa nyeusi yenye mchanga ndani, kifuniko kizito cha bati, na mikebe ya mafuta ya kupikia iliyokatwa nusu na kukunjwa makali yake ili isimkate mtu. Ukuta wa mbao unaotenganisha jiko na kile chumba cha nyuma bado una nafasi kati ya ubao na ubao, na kupitia nafasi hizo nilimsikia Aunti akikohoa. Nilimimina unga kwenye karai na harufu yake ikanipanda, ile harufu ya ngano iliyosagwa na ganda lake, na nikawa tena msichana wa kidato cha nne aliyemaliza mtihani, anayesubiri matokeo, asiyejua kwamba mwaka huo wa kusubiri ndio utakaomfundisha mambo mengi kuliko shule.

Niliitwa Makindu mwaka ule kumwangalia Susu, yaani nyanya yangu, mama yake Aunti Ndunge. Alikuwa na kidonda mguuni kilichokataa kupona, na daktari wa zahanati alisema ni ugonjwa wa sukari. Kidonda kilitaka kusafishwa na kufungwa kila mara, na nyumbani kwake Kathonzweni hapakuwa na wa kufanya hivyo. Daktari hakuzunguka. Alimwambia Aunti, mimi nikiwa nimesimama pale na kikapu, kwamba bibi akirudi nyumbani kwenye chai yake ya sukari na mkate wake mweupe, mguu utakatwa. Aunti alilia njia nzima. Mimi sikulia, nilikuwa nikimwaza Susu bila mguu, mwanamke aliyekuwa akipanda kilima na debe la maji kichwani huku akigombana na mtu aliye nyuma yake bila kugeuka.

Shida haikuwa mguu peke yake. Shida ilikuwa nyumba. Kwetu Ukambani kuna nthoni, ile heshima iliyochanganyika na aibu kati ya mama mkwe na mume wa binti yake. Hawatazamani usoni, hawali pamoja, hawakai chumba kimoja. Wakikutana njiani kila mmoja anachepuka upande wake. Vijana wengi siku hizi hawaijui, na hata wakati ule wengi mjini walikuwa wameiacha, lakini Susu hakuwa mtu wa kuacha kitu. Sasa mwanamke kama huyo akaletwa kulala chini ya paa la mkwe wake. Aliingia nyumbani akiwa amejifunika leso hadi puani, akapitia mlango wa nyuma, akaingia chumba cha nyuma, akaniambia nifunge pazia. Furushi lake la nguo aliliweka kando ya kitanda na akakataa nisilifungue. "Liache hivyo hivyo," akasema. "Mimi sikai hapa. Ni huu mguu umenileta, na huu mguu utanirudisha."

Aunti na mumewe walikuwa wameokoka, watu wa kanisa wa mstari wa mbele, na Aunti aliona haya mambo ni ya zamani. "Mama, si hata wewe umeokoka?" alimwuliza siku ya kwanza. "Hayo ya nthoni si yaliisha?" Susu alimjibu bila kupandisha sauti. "Yesu alinisamehe dhambi, Ndunge. Hakuniambia nikaketi sebuleni na bwana yako." Nilikuwa nimeshika sinia la chakula na nusura nilimwage kwa kucheka.

Anko Mutinda aliichukua hali hiyo kwa namna yake. Alikuwa mtu mkubwa, mpole, mwenye kuziba pancha za malori kando ya barabara ya Mombasa. Kazi yake ilikuwa ya usiku, asubuhi alilala, na alasiri alikuwa nyumbani akitafuta cha kutengeneza. Nilipewa kazi ya kupiga hodi za onyo. Susu akitaka kwenda msalani, nilitangulia uani nikisema kwa sauti, "Tunapita!" na Anko popote alipokuwa alipotea, mara nyingi nyuma ya tangi la maji. Siku moja nilisahau kusema. Alikuwa ametoka jikoni na mikono imejaa unga, Susu akatokea na fimbo yake, na yule baba mzima, bila kufikiria, akainama akaingia kibanda cha kuku. Kuku wakatoka wakipiga kelele kila upande. Susu aligeukia ua wa michongoma akakaa akiutazama kana kwamba anasoma tangazo. "Mwende," akaniuliza, "kuku wameona nini?" Nikamwambia ni mwewe. "Mwewe mzito," akasema. Anko alitoka baadaye na manyoya kwenye nyusi zake zote, akaniomba nisimwambie mkewe.

Lakini Susu hakuwa akila. Hilo halikuwa la kuchekesha. Alisema chakula cha nyumba ya mkwe kinamkaba kooni. Muthokoi wangu wa mahindi yaliyokobolewa na maharagwe aliuonja, akala kijiko, akausukuma. Chai isiyo na sukari aliiita maji ya kuosha sufuria. Kitu alichokuwa akikitaka ni mkate. Alikuwa akiuota, na asubuhi ananieleza jinsi alivyouchovya kwenye chai ndotoni. Alizidi kukonda na kidonda kikabaki vilevile, na yule daktari akawa anafunga bandeji bila kuzungumza nasi. Jioni moja nilimsikia Aunti akimweleza Anko sebuleni kwamba daktari amesema kama ni lazima mkate, basi uwe wa ngano isiyochujwa, na kwamba mkate kama huo Makindu hauuzwi. "Nairobi labda," akasema. Nilimsikia Anko akisema, kama anayejisemea mwenyewe, kwamba alipokuwa turniboi, msaidizi wa dereva wa lori, walikuwa wakisimama kula pale kwenye hekalu la Makalasinga, na chapati za pale zilikuwa nyeusinyeusi, tamu, na mtu alishiba hadi Mtito. "Unga huo Mama Halima anao," akasema.

Mama Halima alikuwa na duka karibu na stesheni. Familia yake ilitoka Garissa, na rafu zake zilikuwa na kila kitu ambacho wengine hawakuwa nacho. Anko alinituma nikamletee atta na hamira, na akaanza kuoka. Hakuwahi kuoka maishani. Aliosha mikono kwa sabuni ya unga hadi ile harufu ya gundi ya pancha ikaisha, akakanda kama anayeng'oa tairi kwenye rimu, akaweka kwenye mkebe, mkebe kwenye mchanga, makaa chini na makaa juu ya kifuniko. Kilichotoka kilikuwa kidogo, cheusi, na kizito mno. Nilikikata kwa kisu cha mkate kilichopinda, nikampelekea Susu kipande. Alikigeuza, akakigonga kwenye ukingo wa kitanda, kikalia ko. Kisha akasema kwa sauti ambayo ilipita kwenye mbao bila shida yoyote, "Mwende, mwambie mkwe wangu asante kwa tofali. Akileta la pili tutaanza msingi."

Upande wa jiko nikamsikia Anko akicheka, ule mcheko wake wa tumbo, hadi akatafuta mahali pa kukaa. Ndilo neno la kwanza lililowahi kutoka kwa Susu kwenda kwake. Nami ndipo nikaelewa kwamba nthoni ilikataza macho, haikukataza masikio, mradi mtu wa tatu awepo wa kubebeshwa maneno. Tangu hapo niliketi kwenye kizingiti kati ya chumba na jiko, nikiambiwa mambo ambayo yule aliyelengwa alikuwa ameshayasikia.

Ni Mama Halima aliyetuambia kosa letu. Nilimpelekea kipande cha lile tofali, akakibonyeza, akatikisa kichwa. "Huyu unga iko na kiu sana," akasema. "Ile mweupe unapa maji kidogo inatosha. Hii ya brown, wewe mwaga maji mpaka uogope, halafu iache ilale. Usikanda na hasira. Mwambie Mutinda hii si tairi." Nilirudi nikamwambia Anko kila neno hadi lile la tairi. Akamwaga maji hadi akaogopa. Akaufunika kwa kitambaa akaenda kulala, na alipoamka ulikuwa umepanda ukagusa kitambaa. Nakumbuka alivyokiinua kwa vidole viwili na kuniita nije nione, na sauti yake ilikuwa ya mtu aliyeonyeshwa mtoto wake mara ya kwanza.

Mkate huo ulipendeza nje, ila ndani ulikuwa mbichi. Mama Halima akasema ukitaka kujua kama umeiva utoe kwenye mkebe uugonge chini kwa kidole. Ukiwa na sauti tupu, tayari. Anko akaugonga uliofuata. "Umesikiaje?" akaniuliza. Sikujua. Aunti akaitwa, akasikiliza, akasema yeye hasikii tofauti yoyote, kugonga ni kugonga. Anko akaugonga tena, na kutoka upande wa pili wa mbao ikaja sauti ya Susu: "Mwambie bado. Una maji ndani." Tulitazamana. Susu alikuwa amelima vibuyu miaka mingi na kuviuza Kathonzweni, na kibuyu hukijui kama kimekauka hadi ukigonge. Anko aliurudisha mkate kwenye mchanga, akangoja, akautoa, akaugonga karibu kabisa na ukuta. "Bado kidogo." Akaurudisha. Mara ya tatu Susu akasema, "Haya. Huo umenyamaza." Tulipoukata mvuke ukatoka, na ndani ulikuwa mkavu, laini, wa rangi ya udongo wa kwetu baada ya mvua. Nilimpelekea na chai yake isiyo na sukari. Alikula kipande kizima. Akanyoosha mkono kuomba kingine huku akitazama ukuta, na mimi nikatoka nje nikasimama karibu na tangi la maji hadi machozi yakaisha.

Hivyo ndivyo tulivyoishi sehemu nzuri ya mwaka ule. Alasiri Anko akiamka, unga umeshalala na maji. Anaoka, anagonga, Susu anasikiliza. Wakati mwingine nilikuwa na hakika kwamba Anko alijua umeiva na bado aligonga. Waliongea juu ya mvua, juu ya bei ya mbuzi, juu ya siasa, yote kupitia kwangu. "Mwende, mwambie mama kule kwao mvua imenyesha, dereva mmoja ameniambia." "Mwende, mwulize ilikuwa ya kupanda au ya kulaza vumbi." Kidonda kilianza kufunga pembeni. Daktari akaanza tena kutusemesha.

Halafu Aunti akaharibu, kwa nia njema. Alikuwa amechoka kuwa na mama mmoja nyuma ya pazia na mume mmoja nyuma ya tangi. Jumapili moja alimleta mchungaji nyumbani baada ya ibada, akatandika meza sebuleni, akamwongoza Susu kwa mkono akimwambia ni wa maombi tu. Susu alipofika mlangoni akamwona Anko ameketi mezani na suti yake. Anko aliruka akageukia ukuta, kiti kikaanguka. Mchungaji akaanza kueleza kwamba katika Kristo sisi sote ni wamoja. Susu alivuta leso usoni, akarudi chumbani akichechemea, na kutoka siku hiyo akaacha kula. Si kuonja na kusukuma, aliacha. Mkate aliugeuzia mgongo. Alasiri Anko aligonga mkate ukutani na hakujibiwa. Kesho yake pia. Mguu ukaanza tena kunuka. Siku iliyofuata aliniambia nimshikie gari la Kathonzweni, na alipoketi kitandani furushi lilikuwa tayari mapajani mwake. "Mama, mguu utakatwa," Aunti alimwambia akilia. "Wakate," Susu akasema. "Nitazikwa na heshima yangu ikiwa nzima."

Sikwenda kutafuta gari. Nilikaa kwenye kizingiti changu, sijui la kufanya. Aunti alikuwa sebuleni amefunika uso. Jikoni Anko alikuwa akiendelea kukanda kana kwamba hakuna lililotokea, na nilikasirika, nikamwona hana moyo. Akaweka mkate motoni. Alipomaliza alikuja akasimama upande wake wa mbao, akiwa ameupa ukuta mgongo, hata nafasi ndogo za mbao asizitazame, na akasema polepole, "Mwende, mwambie mama ile meza sikuiweka mimi, lakini niliikalia, na nilikosa. Mwambie meza hiyo haitawekwa tena. Mwambie hii nyumba ni yake, mgeni ni mimi. Akitaka nilale gereji nitalala gereji. Hatawahi kuniona. Lakini mguu nisiusikie Kathonzweni. Mimi mama yangu mzazi alikufa nikiwa barabarani, hakuna kitu nilimpikia. Huyu anionee huruma."

Sikumwambia Susu chochote. Hakukuwa na haja, alikuwa ameyasikia yote. Susu alikuwa akitazama ukuta. Nilisikia Anko akiondoa makaa juu ya kifuniko, akitoa mkebe, akiupindua. Akagonga mkate. Nje lori lilipita barabarani na bati zote zikatetemeka, kisha pakatulia. Akagonga tena, taratibu zaidi. Mikono ya Susu ilikuwa imeshika fundo la furushi.

"Mwambie bado," akasema. "Leo ana haraka gani?"

Anko akaurudisha motoni. Ulipoiva, Susu alikula, na alipomaliza kula alinipa furushi akaniambia nizitundike nguo zake kabla hazijaota ukungu. Ndani yake kulikuwa na gauni moja zuri la kanisani lililojikunja vibaya. Nililipiga pasi jioni hiyo hiyo, na nadhani sijawahi kupiga pasi nguo kwa furaha namna ile.

Mguu ulipona. Matokeo yangu yalitoka nikaitwa chuo cha ualimu, na wiki niliyokuwa nikijiandaa kwenda ndiyo wiki ambayo Susu pia alirudi kwake, kwa miguu yake miwili. Anko alijificha nyuma ya tangi kama kawaida. Susu alipokuwa akivuka uwanja kwenda kwenye gari alichepuka, akaenda hadi kwenye ukuta wa jiko, akaugonga kwa kichwa cha fimbo yake. Kutoka nyuma ya tangi, Anko, aliyekuwa ameshika mkate wa safari ambao ilikuwa nimpelekee, akaugonga kwa kidole. Susu akasimama, akasikiliza. "Ni mzuri," akasema, bila kuniambia nimwambie mtu. Miaka yote iliyofuata, hadi Susu alipotutoka, mikate ilipanda magari ya Kathonzweni na vibuyu vikarudi. Hawakuwahi kutazamana usoni. Nimeona ndoa nyingi, yangu ikiwemo, na watu wanaotazamana kila siku mezani, na sijaona wengi waliosikilizana kama wale wawili.

Nilikuwa nikiwaza hayo huku nikipindua mkebe. Makaa yalikuwa mengi kuliko ninavyozoea, maana kwangu natumia oveni ya gesi, na ganda la juu lilikuwa limekolea. Nilidhani umeiva. Nikaushika kwa kitambaa nikaugonga chini kwa kidole, mara moja, kwa mazoea tu, bila kumfikiria mtu. Upande wa pili wa mbao wanawake wa kanisa walikuwa wakiimba kwa sauti ya chini. Nikasikia kitanda kikilia, na wimbo ukakatika.

"Bado, Mwende," Aunti Ndunge akasema. "Una maji ndani. Rudisha."

Nikaurudisha, nikapanga makaa upya juu ya kifuniko, nikakaa chini kando ya ile rimu, na hapo ndipo nilipomlilia Anko Mutinda, nikingojea mkate wake uive.